Glasi zikae upande gani wa sahani?

Mjumbe wa Kamati: Ndugu zangu, salaam. Kamati ya sherehe ya kumuaga binti wa kaka yangu imenikabidhi meza kuu yenye viti 10, na kila mgeni atawekewa glasi tatu: ya maji, ya mvinyo mweupe na ya mvinyo mwekundu. Jana nilizipanga kushoto, juu ya uma, kwa kuwa kulia tayari kumejaa visu na kijiko cha supu. Mwenzangu akasema nimekosea, ila sababu hakunipa. Naomba mwongozo.

Mhudumu Mstaafu: Mwenzako amesema kweli. Mhudumu humimina akiwa amesimama kulia kwa mgeni, hivyo glasi zikiwa kushoto atalazimika kupitisha mkono na chupa mbele ya uso wa mtu. Tena kushoto ndiko kunakokaa kisahani cha mkate. Iweke glasi ya maji juu kidogo ya ncha ya kisu cha chakula kikuu, kiasi cha sentimita 2 au 3, kisha ushuke mshazari kuelekea kulia. Inayotumika kwanza ndiyo hukaa nje kabisa. Samaki akitangulia nyama, basi ya mvinyo mweupe iwe nje na ya mwekundu ibaki katikati.

Bibi Mapambo: Naafikiana na mzee, ila mshazari unahitaji nafasi. Kama kila mgeni ana sentimita 60 tu, zipange pembetatu, ile kubwa ikae nyuma ili mgeni asiiangushe anapofikia ndogo. Kwa mgeni asiyetumia pombe, ziondoe glasi za mvinyo kabla hajaketi. Kumfunikia mezani ni kumtangazia mambo yake.

Mjumbe wa Kamati: Ahsanteni sana. Nimepima, kila kiti kina sentimita 58, kwa hiyo nitafuata pembetatu. Ukumbi wetu uko kando ya barabara ya vumbi. Je, naweza kuzifudikiza hadi wageni wafike?

Mhudumu Mstaafu: Mezani hapana, kwa sababu mdomo wa glasi utagusa kitambaa. Zifudikize kwenye trei safi huko jikoni, kisha mzipange nusu saa kabla ya wageni kuingia, mkizifuta kwa kitambaa kikavu na kuzishika shinani, maana chini ya taa za ukumbini alama ya kidole gumba huonekana hata kutoka meza ya pili.