Kwa nini Paul Robeson alicheza misimu miwili tu?

Mdadisi wa Tanga: Wanajukwaa, salaam. Wengi wetu tunamfahamu Paul Robeson, Mmarekani mweusi, kwa sauti yake nzito ya uimbaji, na baadhi yetu tunajua kwamba alisoma Kiswahili mjini London katika miaka ya 1930. Nisilolijua hadi juzi ni kwamba aliwahi kulipwa kucheza mpira wa Kimarekani, katika timu ya Akron mwaka 1921 na ya Milwaukee mwaka 1922, kisha akaacha. Mtu aliyeteuliwa mara mbili, 1917 na 1918, katika kikosi bora cha wachezaji wa vyuo vya Marekani alishindwa nini? Au alifukuzwa kwa ajili ya rangi yake?

Wakili Mstaafu: Ndugu Mdadisi, hakushindwa wala hakufukuzwa. Alikuwa akisomea sheria katika Chuo Kikuu cha Columbia, New York, na mpira ndio uliomsaidia kulipa ada. Aliyemvuta Akron ni Fritz Pollard, mtu mweusi mwenzake, ambaye alikuwa mchezaji na papo hapo mmoja wa makocha wawili wa timu, na mwaka uliofuata wote wawili wakawa Milwaukee. Ligi yenyewe ilikuwa changa mno: iliundwa mwaka 1920 huko Canton, Ohio, ndani ya duka la magari, na jina la NFL, yaani Ligi ya Taifa ya mpira huo, ikalipata mwaka 1922. Robeson alihitimu sheria mwaka 1923, na wakati huo daluga zilikuwa zimekwisha kutundikwa.

Binti Makame: Nakubaliana na Mzee Wakili, ila suala la rangi tusilipite haraka hivyo. Alipojaribiwa mara ya kwanza katika timu ya Rutgers, wachezaji wa chuo chake mwenyewe walimvunja pua, na baadaye mmoja akamkanyaga mkono kwa daluga hadi kucha zikang'oka. Mwaka 1916 aliwekwa nje ya mechi kwa kuwa wageni, timu ya chuo cha Washington and Lee, walikataa kucheza na mtu mweusi. Kuhusu ligi ya kulipwa, mlango ulifungwa baada yake: tangu 1934 hadi 1945 hakuchezeshwa mweusi hata mmoja.

Mdadisi wa Tanga: Ahsanteni. Je, huko kwenye ligi alikuwa tishio kweli, au tunamkuza kwa umaarufu wa baadaye?

Wakili Mstaafu: Tazama mechi moja tu, ya Novemba 1922, dhidi ya Oorang Indians, timu ya Wahindi Wekundu iliyokuwa na Jim Thorpe, bingwa wa Olimpiki ya 1912. Robeson alicheza mwishoni mwa mstari wa mbele, nafasi ya kuzuia zaidi kuliko kufunga. Milwaukee walishinda 13 kwa 0, na mara zote mbili mpira ulipovushwa mstari wa goli, kwa pointi 6 kila mara, aliyeubeba alikuwa yeye. Pointi 1 iliyobaki ilikuwa ya nyongeza.