Mjadala: Jumba la Buzludzha lihifadhiwe, likarabatiwe au libomolewe?

Kwenye kilele cha Buzludzha, mita 1,441 juu ya usawa wa bahari katika milima ya Balkan nchini Bulgaria, limesimama jumba la zege la mviringo mithili ya chombo cha angani, na ubavuni mwake mnara wa mita 70 wenye nyota nyekundu za vioo. Msanifu wake ni Georgi Stoilov. Lilifunguliwa mwaka 1981 kuwa ukumbusho wa Chama cha Kikomunisti, na utawala ulipoanguka likatelekezwa. Wabulgaria hawajaafikiana hadi leo: wapo wanaotaka libomolewe, wapo wanaotaka lirudishiwe fahari yake yote, na wapo wanaoona afadhali liachwe liporomoke lenyewe. Msimamo wangu ni kwamba lihifadhiwe, lakini lisifanywe jipya.

Hoja ya kubomoa ni nzito. Utawala uliolijenga ndio uliowafungia wapinzani wake katika kambi ya Belene, kwenye kisiwa cha mto Danube, na ndio uliowalazimisha raia wenye asili ya Kituruki kubadili majina yao katika miaka ya 1980, hata zaidi ya watu 300,000 wakahamia Uturuki mwaka 1989. Aliyempoteza mzazi Belene ana kila haki ya kuchukizwa na ukumbusho huu. Hata hivyo, njia ya baruti ilikwishajaribiwa. Agosti 1999 serikali ililipua jengo la kaburi la Georgi Dimitrov, kiongozi wa kwanza wa Bulgaria ya kikomunisti, katikati ya mji mkuu Sofia. Mlipuko wa kwanza haukuliangusha, ikabidi warudie, na lilipoanguka hatimaye, ugomvi kuhusu enzi ile ulibaki palepale. Waliopotea ni mashahidi tu.

Nasema mashahidi kwa sababu ya kilichomo ndani ya Buzludzha. Kuta za ukumbi zilipambwa kwa mozaiki zenye eneo la zaidi ya mita za mraba 900, kazi ya vijiwe vidogo vilivyopangwa kimoja kimoja. Upande mmoja wapo Marx, Engels na Lenin. Upande mwingine walikuwepo Dimitar Blagoev, mwasisi wa harakati za kisoshalisti nchini humo, Dimitrov na Todor Zhivkov, aliyekuwa madarakani jengo lilipofunguliwa. Leo uso wa Zhivkov haupo. Ulibanduliwa baada ya yeye kuondolewa mwaka 1989, na pengo lake linaonekana wazi kati ya vijiwe vilivyosalia. Kwangu mimi hapo ndipo mahali penye thamani kuliko pote katika jumba lile, kwa kuwa ukuta mmoja unaonyesha utukufu uliolazimishwa na hasira iliyoujibu. Fundi atakayeurudisha uso ule atakuwa amefuta mwaka 1989. Atakayeubomoa ukuta atakuwa amefuta yote mawili.

Kuna pia suala la nani alilipa. Jumba hili lilijengwa kwa michango ya wananchi, iliyoitwa ya hiari hata pale ambapo kukataa hakukuwa rahisi. Kwa hiyo sioni ni kwa nini lihesabiwe kuwa mali ya chama.

Wanaosema liachwe lilivyo hawajazingatia baridi ya mlimani. Shaba ya paa iliibwa, theluji na maji vikaingia, na maji yakiganda nyuma ya vijiwe huvisukuma mpaka vikadondoka. Ndiyo maana Europa Nostra, shirika la kutetea turathi za Ulaya, iliorodhesha jengo hili mwaka 2018 miongoni mwa turathi zilizo hatarini zaidi barani Ulaya, na mwaka uliofuata taasisi ya Getty ya Marekani ikafadhili mpango wa uhifadhi.

Pingamizi linalonisumbua ni la matumizi. Majumba ya Michenzani kule Unguja, yaliyozaliwa na mipango ya wataalamu wa Ujerumani Mashariki, angalau watu wanaishi ndani yake. Buzludzha haimhifadhi mtu. Jibu langu ni la kiasi: paa lizibwe, mozaiki zishikizwe zisidondoke zaidi, wageni waingie kwa uangalizi, na historia ya Belene ielezwe humo humo.

Wanaotaka libomolewe, naomba mtueleze mozaiki zitapelekwa wapi. Nanyi mnaotaka likarabatiwe lote, semeni wazi: pale palipokuwa na uso wa Zhivkov mtaweka nini?