Sini mbili tu: nani amefuatilia kazi za Paprika Steen wa Denmark?

MamaKilaSini (Soweto, Mbeya)
Habari za jioni, wakuu. Miaka tisa naigiza hapa Mbeya na sura yangu haijawahi kukaa kwenye kava. Mimi ni shangazi mchawi, jirani mmbea, mama anayelia msibani. Juzi dairekta mmoja kaniita nikacheze mama mkwe, mara ya nne hiyo. Nikauliza malipo. "Mama, si sini mbili tu?" Nauli ya bajaji nikajilipia, na kitenge cha msiba kilikuwa changu.

Niliporudi nikafungua flashi niliyoachiwa na binti wa Kidenishi aliyekuja kujitolea. Humo kuna Festen, ya 1998. Mzee anatimiza miaka 60, ukoo umekusanyika hotelini, mwanawe anasimama mezani kumuumbua mbele ya wageni. Hadithi ni ya huyo kijana, lakini macho yangu yaliganda kwa dada yake, Helene. Kaja na mpenzi mweusi, wageni wanamwimbia wimbo wa dhihaka (hapo nilisonya peke yangu), na ni yeye anayekuja kuisoma barua ya marehemu ndugu yao. Chai yangu ilifurika jikoni sina habari.

Mwigizaji anaitwa Paprika Steen. Huyu kule kwao aliishia kwenye udada wa mtu, au alipanda?

Mnyalukolo_Gangilonga (Iringa)
Kamwene dada. Alipanda, ila vipande vya pembeni hakuviacha. Kazaliwa 1964, na yumo kwenye filamu zote tatu za mwanzo za Dogme (kundi la madairekta wa Denmark waliojiwekea kanuni kali za kushuti): hiyo yako, Idioterne ya mwaka huohuo, na Mifunes sidste sang ya 1999.

Halafu Wadenishi wana tuzo ya Bodil, tangu 1948, inayotolewa na wakosoaji wa filamu, nayo miaka ya 2000 ilikuwa na fungu la mwigizaji msaidizi wa kike. 2003 alibeba mbili kwa mpigo: mhusika mkuu kwa filamu ya Okay, msaidizi kwa Elsker dig for evigt. Katika hiyo ya pili anamgonga kijana kwa gari, kisha mumewe, daktari, anampenda mchumba wa yule kijana. Sasa msaidizi gani huyo? Toa gari lake, filamu imekufa! Mwaka 2004 akatoa filamu aliyoiongoza mwenyewe.

Fundi_Taa_Uyole
Hiyo Dogme msiisifie hapa. Kanuni zao za 1995 zinataka kamera ishikwe mkononi, taa za ziada marufuku, vifaa visiletwe kutoka nje. Mimi nile wapi? Ila ile ya kwamba jina la dairekta lisiandikwe nimeipenda. Nitajieni mmoja wa hapa Mbeya atakayekubali.

MamaKilaSini
Kumbe mimi ni Dogme siku nyingi! Nyumba ya kuazima, mwanga wa dirishani, kitenge changu. Ndaga fijo (asante sana), kaka wa Iringa.

Mwalimu_Mstaafu_Tukuyu
Mwanangu, mtafute na Birgitte Federspiel. Katika Ordet ya dairekta Dreyer wa Denmark, 1955, ni Inger, mke wa nyumbani anayefia uzazini kisha anaamka ndani ya jeneza. Wakati wa kushuti alikuwa mjamzito kweli. Miaka 32 baadaye, katika Babettes gæstebud, mpishi Babette ni Mfaransa, yeye ni mmoja wa wale dada wawili wazee wa nyumba. Dada mwingine ni Bodil Kjer, ambaye jina la ile tuzo linatokana naye na Bodil Ipsen. Filamu ikachukua Oscar. Nilipoiona, ladha ya ile supu ya kasa aliyoipika Babette sikuijali. Nakumbuka wale vikongwe walivyoiogopa.

Nauli dai kabla.

MamaKilaSini
Shikamoo mwalimu. Nimempigia dairekta. Nimemwambia sini mbili nakuja, pesa kwanza, na kitenge nakikodisha. Kakata simu.

Sasa hivi anapiga tena. Ngojeni nipokee.