Geronimo: watu 40 walisumbuaje jeshi la Marekani?

Mwana_Ngamiani: Wakuu wa Tanga, tumebishana barazani. Geronimo, kiongozi wa vita wa Waapache, wenyeji asilia wa Marekani, alibaki na watu wasiofika 40, Marekani ikatuma askari 5,000. Ilikuwaje wamkose toka Mei 1885 hadi Septemba 1886?

Kijana wa Pangani: Maji na mpaka. Waapache walijua chemchemi za Sierra Madre, milima ya Mexico, na wakibanwa Arizona wanavuka Mexico. Farasi akichoka anachinjwa, analiwa, safari inaendelea kwa miguu. Jeshi lenye mikokoteni halifiki huko. Jenerali Crook aliliona hilo, akapakia mizigo kwenye nyumbu na kuajiri Waapache wafuate nyayo za wenzao. Jenerali Miles, aliyempokea Crook kazi, alitundika vioo vya kumulika jua vilimani kupitisha taarifa. Mbwembwe tu! Waliomfikia Geronimo ni Luteni Gatewood na Waapache wawili, Martine na Kayitah.

Bi Mchambuzi: Mnaanzia mwisho. Mwaka 1876 serikali ilifuta eneo lililotengewa Wachiricahua, tawi la Waapache la Geronimo, ikawasukumia eneo jingine la Arizona, San Carlos: joto, malaria, mgao wa chakula pungufu. Victorio, kiongozi mwingine wa Waapache, naye aligoma kuhamishwa kwao Ojo Caliente, akauawa Tres Castillos, Mexico, Oktoba 1880.

Mwana_Ngamiani: Na hao wafuata nyayo walilipwa nini?

Bi Mchambuzi: Kupakiwa treni ya Florida kama wafungwa, pamoja na Geronimo. Martine na Kayitah wamo. Kisha Alabama, kifua kikuu kikawamaliza wengi, na 1894 wakapelekwa Fort Sill, kambi ya jeshi huko Oklahoma. Wafungwa wa vita miaka 27, hadi watoto waliozaliwa humo. Abushiri wetu walau Wajerumani walimnyonga mara moja, Desemba 1889.