Ngazi za Michenzani ni za nani?

Binti wa Namba 6
Assalamu alaikum. Nimerudi kwa mama Michenzani, kwenye yale majumba marefu ya ghorofa hapa Unguja, fleti ya juu, baada ya miaka 12 Dar. Lifti hakuna, na magoti yake yamekataa. Hajashuka chini tangu Idi Kubwa. Nilipokuwa mdogo kila nyumba ilikuwa na zamu ya kuosha ngazi, ungeweza kuanika mchele pale. Jana usiku nimepanda na dumu la lita 20, namulika kwa simu kwa sababu taa imeng'olewa pamoja na waya wake. Vijana wawili wamelala ngazini, karatasi za sigara zilizounguzwa zimetapakaa. Mmoja nimesoma naye chuoni, msahafu mmoja. Akasema, "Samahani dada," akakunja miguu nipite. Nimefika juu nalia.

Kila nikisema naambiwa fleti ndiyo yenu, ngazi si yenu. Ni ya nani basi? Nyinyi wa majumba mengine mumefanyaje?

Mzee wa Ng'ambo
Waalaikumu salaam mwanangu. Mimi nimehamia bado kunanuka saruji. Kibanda chetu cha udongo na makuti kilivunjwa kupisha jumba, na Mzee Karume alitaka mtu wa Ng'ambo, huku nje ya Mji Mkongwe, naye afungue bomba ndani kwake. Tulifurahi, tusiseme uongo. Lakini jumba la mita 300 linataka fundi kila siku, na sisi hatukuzoeshwa kutoa hata senti ya matengenezo. Pampu ilipokufa tukakaa kuisubiri Serikali. Hapo ndipo ndoo zilipoanza kupanda ngazi, na maji yanayomwagika huyaoni kuwa yako.

Mama Wawili, Namba 3
Dada, sisi nyumba 8 za ngazi moja tunachanga 2,000 kwa mwezi. Taa tumeivuta kutoka ndani kwa jirani, tunamnunulia umeme wa Tukuza, ule wa kulipia kabla. Chini tumetia mlango wa chuma, kila nyumba na ufunguo wake. Wawili hawachangi, hatukugombana nao, watoto wao wanafagia. Anza na mlango.

Binti wa Namba 6
Ahsanteni. Taa naiweka leo, nimeshamwita fundi. Mlango ndio unaonitia uzito: yule kijana kwao ni hapa hapa, ghorofa ya pili. Nikiufunga namfungia nje ya kwao. Kesho baada ya laasiri nakwenda kwa mama yake kwanza, kabla sijafika kwa sheha, kiongozi wetu wa mtaa.