Nairobi, Narok, Nanyuki: neno "maji" liko wapi?

MchoraRamani

Habari zenu wakuu. Naandaa ramani ya ukutani ya shule za msingi, kuanzia Nanyuki kushuka mpaka Arusha. Kila mto, mlima na mji wenye jina la Kimaasai una mstari mmoja wa maana, nafasi ya maneno kumi hivi. Nimekwama mahali pawili.

Kwanza, kila kitabu kinasema Nairobi ni "maji baridi", Narok "maji meusi", Nanyuki "maji mekundu". Lakini maji kwa Kimaasai ni *enkare*. Sasa hiyo *enkare* iko wapi ndani ya neno Narok?

Pili, tahajia. Enkare, Engare, Ngare. Ewaso, Uaso, Guaso. Niandike ipi, na nitajuaje kwamba maana niliyopewa si ya kubahatisha?

Sarufi_ya_Maa

*Enkare* imedondoka. Jina kamili ni *Enkare Narok*, na watu wamebaki na nusu ya pili. Ni kama sisi tungekuwa na mto unaoitwa "Maji Yaliyo Meusi", halafu baada ya miaka mia ukabaki "Yaliyo Meusi". Maji hayaonekani tena, ila kile "ya" bado kinakwambia kulikuwa na nomino ya ngeli fulani mbele yake.

Kimaasai kinafanya hivyohivyo, ila kina jinsi mbili badala ya ngeli zetu nyingi. Nomino za kike huanza na *en-* au *e-*, za kiume *ol-* au *o-*. Kivumishi kinafuata: kwa nomino ya kike kinaanza na *na-*, kwa ya kiume *o-*. Enkare ni ya kike, kwa hiyo ni *narok* (iliyo nyeusi), *nanyokie* (iliyo nyekundu), *nairobi* (iliyo baridi). Mlima, *oldoinyo*, ni wa kiume, kwa hiyo ule ulio juu ya Namanga ni *Oldoinyo Orok*, mlima mweusi. Kilimanjaro wenyewe wanaita *Oldoinyo Oibor*, mlima mweupe. Orok na Narok ni mzizi mmoja, *-rok*. Kilichobadilika ni kile kinachoelezwa.

Hapo una kipimo cha kwanza cha kazi yako. Jina likianza na Na-, usitafute mlima, tafuta maji au kitu kingine cha kike. Mtu akikwambia "Narok maana yake mlima mweusi", sarufi imeshamkataa.

Angalia sana *-irobi* na *-irowua*. La kwanza ni baridi, la pili ni moto. Ukilisikia vibaya kwenye kinasa sauti, ramani yako itawafundisha watoto kinyume.

Mpimaji_Arusha

Niongeze upande wa Tanzania, maana huku *enkare* haikudondoka sana. Tuna Engare Nairobi huko Siha, magharibi mwa Kilimanjaro, na Engare Nanyuki chini ya Mlima Meru. Kwa hiyo Nairobi si moja wala Nanyuki si moja, na kwenye ramani inayofika Arusha ni lazima uziweke zote, vinginevyo mtoto atadhani jina ni la mji tu. Hata Nairobi ya Kenya ilikuwa jina la mto kwanza, mto unaoanzia kinamasi cha Ondiri kule Kikuyu. Reli ilipofika mwaka 1899, jina lilikuwepo.

Tahajia: Wamaasai wanaoandika lugha yao huandika *nk*, lakini *k* ikifuata *n* hutamkwa karibu na *g*. Ndiyo maana wapimaji wa zamani waliandika Engare. Zote mbili ni neno moja. Ushauri wangu ni uweke jina kubwa kama lilivyo kwenye kibao cha serikali, na kwenye mstari wa maana uandike umbo la Kimaasai kwa herufi za mlalo. Mfano: "Engare Nanyuki: *enkare nanyokie*, maji mekundu." Usisahihishe jina kubwa, kwa sababu mwalimu atashindwa kulipata kwenye ramani nyingine.

Mtego mkubwa wa huku ni majina yaliyomezwa na Kiswahili. Ngaramtoni kila mtu anasikia "mtoni". Si hivyo. Kwenye ramani za zamani ni *Engare Olmotonyi*, na *olmotonyi* ni ndege mkubwa, tai. Herufi zimekatwa mbele na nyuma mpaka neno likafanana na letu. Ngarenaro, kata ya Arusha mjini, ni *Engare Narok* iliyopoteza k ya mwisho. Yaani ni jina lilelile la Narok ya Kenya.

MchoraRamani

Ngaramtoni nilishaandika "mtoni"! Asante sana mkuu, nafuta leo. Na Ewaso? Na Naivasha, Kajiado, Ngong? Halafu kuna Eldoret na Elwak, nje ya ramani, lakini walimu wataniuliza kama hiyo "El" ni moja.

Sarufi_ya_Maa

*Ewaso* ni mto. Uaso na Guaso ni masikio ya wageni tu, tumia Ewaso. *Ng'iro* ni rangi ya kahawia, ya maji yenye tope. Ewaso Ng'iro ziko mbili na hazikutani: ya kusini inatoka Mau na kuishia Ziwa Natron, ya kaskazini inapokea Mto Nanyuki na kuishia kwenye kinamasi cha Lorian. Andika "kusini" na "kaskazini" kwenye kibandiko chenyewe.

Naivasha ni *enaiposha*, maji yanayosukasuka huku na huko. Anayelijua ziwa lile mchana, upepo ukishaanza, haulizi kwa nini. *P* ya Kimaasai imeandikwa *v*.

Kajiado ni *Olkeju Ado*, mto mrefu. Hili ni la kiume, na limepoteza *ol* ya mbele.

Ngong hueleweka kuwa ni *enkong'u emuny*, chemchemi ya kifaru. *Enkong'u* ni jicho na pia chemchemi, sawasawa na Kiswahili tunavyosema jicho la maji. Hapa ndipo wengi huandika "jicho la kifaru" na kuwaacha watoto wakishangaa. Neno hilohilo liko Amboseli: kinamasi cha Enkong'u Narok, jicho jeusi la maji.

"El" si moja. Eldoret inatokana na *eldore* ya Kimaasai, mto wa mawe, na *-et* ya mwisho ni ya Kinandi. Elwak ni Kisomali, *Ceel Waaq*, kisima cha Mungu. *Ceel* ni kisima. Ile *c* ni sauti ya kooni, na ramani imeiacha.

Mpimaji_Arusha

Mwisho, namna ya kuhakiki. Usimwonyeshe mzee jina lililoandikwa, kwa sababu atasoma tahajia ya mkoloni na kutafuta maana yake hapohapo. Muulize "mto ule mnauitaje?" na urekodi sentensi nzima, ili usikie nomino iliyodondoka. Uliza watu watatu, kila mmoja peke yake, bila kutaja maana unayoitarajia. Kisha nenda ukaone chenyewe, kiangazi na masika. Maji "mekundu" yanaweza kuwa maangavu Agosti.

Wala usidhani kila ziwa lina jina la maji. Manyara inatokana na *emanyara*, mnyaa, ule mti wa utomvu mweupe unaopandwa kuwa ua wa boma. Chora tawi la mnyaa pembeni ya ziwa, nafasi ipo upande wa magharibi kwenye ukuta wa Bonde la Ufa.