Nimechumbiwa na mwana wa ukoo wa kifalme nchini Uganda: je, niache kazi yangu ya ukunga?

Mkunga wa Ziwani (mwanzisha uzi):
Habari zenu wanajukwaa. Nina umri wa miaka 30, ni mkunga katika hospitali moja ya Kanda ya Ziwa, na kwa mwaka mmoja na nusu sasa nina mchumba ambaye ni mwana wa ukoo wa kifalme wa mojawapo ya falme za Uganda. Ufalme wenyewe naomba nisiutaje. Yeye si mrithi wa kiti, ni mmoja wa wana wengi wa ukoo huo, lakini watu wake wanatarajia kwamba nikishaolewa nitahamia huko, nitaambatana naye misibani, harusini na kwenye uzinduzi wa visima, na nitasimamia mafunzo ya wasichana wakati wa likizo za shule. Wenzangu kazini wameshaanza kuniita binti mfalme. Utambulisho utafanyika nyumbani kwetu Bukoba mwezi ujao, kwa nusu ya desturi zao na nusu ya zetu. Barua ya kuacha kazi nimeshaiandika, ipo kwenye droo. Usingizi sipati. Naomba mnishauri: niipeleke, au niombe likizo bila malipo?

Chaguo la Pili:
Hongera sana, mtukufu. Kabla sijatoa ushauri ningependa kufahamu kama nafasi ya mbeba mwavuli imeshajazwa, kwa kuwa mimi ni mrefu na sina kazi tangu mwezi Machi.

Wakili Mstaafu:
Usiipeleke. Falme za Uganda zilifutwa mwaka 1967, zikarejeshwa mwaka 1993, na Katiba ya mwaka 1995 ikaeleza katika ibara ya 246 kwamba kiongozi wa jadi hashiriki siasa za vyama, hana mamlaka ya kiserikali, wala raia yeyote halazimishwi kuchangia gharama za kumtunza. Ikiwa mfalme mwenyewe amewekewa mipaka hiyo, mke wa mmoja wa wana wengi wa ukoo asitarajie fungu lolote. Mchumba wako anafanya kazi gani?

Mkunga wa Ziwani:
Ana duka la vifaa vya ujenzi: mabati, saruji na rangi. Linaendelea vizuri.

Mke wa Masaka:
Mdogo wangu, mimi ni Mtanzania niliyeolewa Masaka mwaka 2010, kwa hiyo nisikilize. Kwanza wakataze hao wanaokuita binti mfalme. Kwa watu wa Buganda omumbejja, yaani binti mfalme, ni aliyezaliwa katika ukoo wa kifalme. Ukiolewa na omulangira, yaani mwana wa mfalme, unakuwa mke wa omulangira, na watakaoitwa hivyo ni watoto utakaomzalia. Sylvia Nagginda, aliyefunga ndoa na Kabaka (mfalme wa Buganda) Ronald Mutebi katika kanisa kuu la Namirembe tarehe 27 Agosti 1999, huitwa Nnabagereka kwa kuwa ni mke wa Kabaka, na Busoga nao wana Inhebantu wao, Jovia Mutesi, aliyeolewa na Kyabazinga, mfalme wao, huko Bugembe mnamo Novemba 2023. Hivyo ni vyeo vya wake wa wafalme. Wewe hutakuwa nacho, lakini macho ya watu utakuwa nayo yote.

Pili, anza kufanya mazoezi ya kupiga magoti ukiwa umevaa gomesi, lile gauni refu la heshima la wanawake wa Uganda. Siyo utani. Kitambaa ni kingi, mshipi hufungwa chini ya kiuno, na usipokivuta kitambaa mbele kwa mkono wa kushoto kabla goti halijagusa mkeka, wakati wa kuinuka utakikanyaga. Mimi nilikikanyaga wiki ya kwanza, nikaangukia sinia la matoke mbele ya baba mkwe, na miaka yote hii kila ninapoingia na sinia yeye huinuka akasogeza kiti chake nyuma.

Mzee wa Kahawa:
Mjukuu wangu, umenikumbusha mbali. Sisi wa Bukoba tulikuwa na Bakama wetu, yaani wafalme (mmoja huitwa Mukama), hadi sheria ya machifu ilipofutwa mwaka 1963, na babu yangu alikuwa miongoni mwa waliokuwa wakipeleka lubisi, pombe ya ndizi, kwa Mukama. Bibi alikuwa akisimulia kwamba mke wa Mukama hakuonekana akila mbele ya wageni, kwa hiyo alikuwa akila kwanza jikoni, kisha anakuja kukaa barazani kama mtu asiyejua njaa. Naomba kuuliza: siku ya utambulisho lubisi itakuwepo, au wameamua kuleta soda?

Binti wa Kyaka:
Mimi naona kazi hiyo usiiache, bali uibebe. Nagginda alisoma na kufanya kazi New York kabla ya kuolewa, na alipoingia Mengo, makao ya Kabaka, alianzisha mfuko wa maendeleo, kisha mwaka 2007 akaanzisha Ekisaakaate, kambi ya likizo ambamo watoto hufundishwa adabu, lugha, upishi na kujitegemea. Jina lenyewe ni la uzio wa matete katika boma la mkubwa, mahali ambapo zamani vijana walipelekwa wakalelewe. Hakukuta kiti kilichoandikwa majukumu, alikitengeneza mwenyewe. Mkunga anayezungumza na wasichana ana la kusema kuliko mke wa mkubwa anayekata utepe.

Mtumishi wa Neno:
Hapa ndipo dada zetu wanapopotea. Umemwomba Mungu akuoneshe, au umeona mabati ukasema amina?

Wakili Mstaafu:
Tuyaache mabati. Mwanzisha uzi, nimesikiliza wateja kwa miaka 31, na sijawahi kumwona mtu aliyekosa usingizi kwa sababu ya likizo bila malipo. Kuna jambo hujalisema.

Mkunga wa Ziwani:
Hakuna jambo kubwa. Ni huo wasifu wangu tu ndio unaonisumbua kidogo. Turudi kwenye suala la kazi tafadhali.

Mke wa Masaka:
Wasifu upi?

Mkunga wa Ziwani:
Sawa. Kuna kijitabu kinachochapishwa Kampala kwa ajili ya siku ya utambulisho, na ukurasa mmoja unanihusu. Kitagawiwa kwa wageni, na baadaye kitatumiwa kunitambulisha kwa akina mama watakaoshirikiana nami katika mafunzo ya wasichana. Nilitumiwa rasimu kwenye simu. Mstari wa nne walikosea jina la kata yetu, nikalisahihisha. Mstari wa saba unasema kwamba sijawahi kuolewa wala kupata mtoto. Nikaupita. Chini nikaandika: Nimeridhia.

Nina binti wa miaka 10. Nilimzaa nikiwa mwaka wa kwanza chuoni, mama yangu akamchukua ili nimalize masomo, na amekua akiniita dada. Mchumba wangu anafahamu, na ni yeye aliyesema wazee wake tuwaambie baada ya harusi, mambo yakishatulia. Kwa hiyo mimi sioni kama nimemdanganya mtu. Ule mstari sikuuandika mimi, mtoto hakosi ada wala nguo, na ikiwa nitasimama mbele ya wasichana mia mbili kuwaambia wabaki shuleni, ni vyema nisianze na habari zitakazowafanya wacheke. Ndiyo maana niliuliza kuhusu kazi.

Wakili Mstaafu:
Aliyeandika "Nimeridhia" ndiye mwandishi wa mstari wa saba.

Mtumishi wa Neno:
Nilijua. Tangu mwanzo roho ilinishuhudia kwamba kuna mtoto.

Chaguo la Pili:
Roho ilikushuhudia mabati, mtumishi. Tumekusoma hapo juu.

Mke wa Masaka:
Mdogo wangu, unafikiri ssenga wake hatajua? Ssenga ni shangazi wa bwana harusi au wa bibi harusi, na kazi yake ni kujua. Shangazi wa mume wangu alijua kwamba niliwahi kulazwa kwa malaria nikiwa darasa la sita, na mpaka leo sijui alielezwa na nani. Wewe unaishi ng'ambo moja tu ya mpaka, wafanyabiashara wanapita Mutukula kila siku, na binti yako atakuwepo siku hiyo akigawa maji ya kunawa. Mtu mmoja atamtazama uso, kisha atakutazama wewe.

Binti wa Kyaka:
Mimi kilichoniuma ni hilo neno "wacheke". Ni Novemba 2021 tu ambapo serikali yetu iliruhusu wasichana waliojifungua kurudi katika shule za kawaida, na wengi mpaka sasa hawarudi kwa sababu wanaogopa kuchekwa hivyo hivyo. Wewe ulizaa, ukamaliza chuo, ukawa mkunga. Kati ya wasichana hao mia mbili wapo wenye watoto waliofichwa kwa bibi. Utawaambia nini wakija baadaye wakasikia?

Halafu kumbuka kwamba mwanamke akishaingizwa kwenye picha ya familia ya namna hiyo, watu hawaachi tena kumfuatilia. Salma Bennani wa Morocco, mhandisi wa kompyuta, aliolewa na mfalme Mohammed VI mwaka 2002 na kupewa cheo cha binti mfalme hadharani, jambo ambalo wake wa wafalme waliotangulia hawakupewa. Mwaka 2005 akaanzisha taasisi ya kupambana na saratani ambayo imefanya kazi kubwa. Tangu mwishoni mwa mwaka 2017 alipotoweka kwenye hafla rasmi, watu hawajaacha kuulizana yuko wapi. Hata kutokuonekana kwake kunahesabiwa. Huyo wako anauza mabati, ni kweli, lakini kwenye kijiji chenu kipya picha itakuwa ni hiyo hiyo, ila ndogo.

Mchunguzi:
Wanajukwaa, mnisamehe, hadithi hii imetungwa. Ufalme hautajwi, mchumba hatajwi, mwana wa mfalme anauza rangi, na mkunga anayetoka zamu ya usiku anaandika kwa nukta na mkato kama mhariri wa gazeti. Mwaka jana tulikuwa na uzi wa binti aliyechumbiwa na mjukuu wa sultani, tukamchangia nauli, na hatukusikia tena habari zake. Kama wewe ni mkweli, jibu hili bila kumuuliza mtu: siku ya utambulisho kaka au mdogo wako atakayekukabidhi kwa bwana harusi huitwaje, na hupewa nini?

Mkunga wa Ziwani:
Huitwa muko, na hupewa jogoo. Mdogo wangu ameshauliza kama anaweza kupewa fedha taslimu badala yake, kwa sababu atarudi Mwanza kwa meli na hajui kama jogoo anaruhusiwa kulala daraja la pili. Sijaomba nauli kwa mtu yeyote.

Mke wa Masaka:
Huyu ni mkweli. Hilo la jogoo na meli halitungwi.

Mchunguzi:
Habari za muko anazijua kila aliyewahi kuhudhuria arusi moja Kampala. Mimi nimeuliza swali jepesi kwa makusudi. Swali gumu ni hili: kwa nini mtu anayetaka siri isijulikane anaiandika mahali ambapo watu elfu wanaisoma?

Mkunga wa Ziwani:
Kwa sababu hapa hakuna anayenijua.

Mzee wa Kahawa:
Mchunguzi, hata kama ameitunga, mimi nimeshawaona watatu wa hadithi hii kijijini kwetu, na mmoja wao ni mke wangu, aliyekuja na mtoto ambaye tuliambiwa ni mpwa. Nilikaa na huyo mpwa miaka minne. Aliponiita baba kwa mara ya kwanza alikuwa amepanda juu ya mti wa mkahawa, nami nikamwambia ashuke kwanza. Mjukuu, mimi sikukasirika kwa sababu ya mtoto. Nilikasirika kwa ile miaka minne. Na suala la lubisi bado sijajibiwa.

Wakili Mstaafu:
Ushauri wangu wa mwisho. Barua ya kazi ibaki kwenye droo mpaka hili liishe, kwa sababu likiisha vibaya utahitaji mshahara. Wazee wake wasielezwe na mchumba peke yake, maana ameshaonesha kwamba anapenda baadaye. Mpigie ssenga wewe mwenyewe, leo, na uombe ule mstari ufutwe kabla ya kuchapishwa.

Mkunga wa Ziwani:
Nimewasoma wote, nawashukuru. Ssenga sijampigia. Nimemwandikia kijana anayeshughulikia kijitabu, nikamwomba asikichapishe kwanza kwa kuwa nahofia jina la kata limekosewa tena. Amenijibu kwa adabu kwamba nakala 300 zimeshatoka kwa mchapaji tangu jana, na akanitumia picha ya ukurasa wangu.

Mzee wa Kahawa:
Na jina la kata wameliandikaje?

Mkunga wa Ziwani:
Wameliandika sawasawa.